Choo kinavuja usiku kucha? Usinunue raba kabla hujakijua choo chako

Saa nane usiku. Mtaa wa Zimmerman umelala, hata ile baa ya ghorofa ya chini ishafunga. Halafu nasikia: shhhhh. Sekunde kama thelathini hivi, kisha kimya. Nageukia upande wa pili. Dakika ishirini baadaye, shhhhh tena.

Usiku wa kwanza nilidhani ni jirani anayeendesha. Usiku wa pili nikamhurumia kabisa. Usiku wa tatu nikajiambia hakuna binadamu anayeenda msalani mara tatu kwa saa hadi kuche. Nikawasha tochi ya simu, nikafungua mlango wa bafu. Choo kilikuwa changu. Kilikuwa kinajijaza maji chenyewe na hakuna aliyekigusa.

Nikafunga mlango, nikarudi kulala. Wasee, hapo ndipo nilipokosea.

Ploti yetu ina nyumba 16 na tangi moja la lita 5,000 juu ya paa. Maji huja kwa mgao, Jumanne na Ijumaa. Tangi likijaa Jumanne, tunategemea litusukume hadi Ijumaa. Lakini kwa wiki kadhaa lilikuwa likikauka Alhamisi asubuhi, na kila mtu anaanza kununua maji ya mkokoteni, shilingi 30 kwa mtungi wa lita 20.

Ploti ikikosa maji, lazima mtu atafutwe. Keateka aliandika kwenye kundi letu la WhatsApp kwamba "kuna nyumba inatumia maji vibaya". Hakutaja jina, lakini sote tulijua anamlenga mama wa nyumba namba 9. Tunamwita Mama Mapacha. Ana watoto wawili wa miezi saba, na kamba yake ya nguo haikosi nepi.

Jioni moja nikiwa napanda ngazi, nikamsikia keateka akimwambia mlangoni: "Mama, kuanzia mwezi ujao utaongeza shilingi 500 za maji." Mama Mapacha hakubishana. Aliuliza tu kama anaweza kulipa kwa vipande viwili.

Nikapita, nikaingia kwangu, nikakaa kitandani. Na kutoka bafuni: shhhhh.

Kwanza jua kinachovuja

Nilimpigia fundi ninayemjua. Akauliza maswali mawili tu, kisha akasema nitume 3,500 kwa M-Pesa aje abadilishe "mashine yote ya ndani". Nilikuwa nimebakisha 1,900 hadi mwisho wa mwezi. Nikamwambia nitamrudia, nikaamua kufungua tangi la choo mwenyewe. Mimi niliacha chuo mwaka wa pili, lakini kufunua kifuniko hakuhitaji cheti.

Kitu cha kwanza nilichojifunza: choo kinachovuja kinaweza kuwa na shida mbili tofauti kabisa, na dawa ya moja haitibu nyingine. Ama maji yanaingia na hayajui kusimama, ama maji yanatoka chini kimyakimya na tangi linaitisha mengine.

Ya kwanza huletwa na boya na vali yake, yaani kile kidude kinachofunga maji tangi likijaa. Kikishindwa, maji hupanda hadi yamwagike ndani ya lile bomba lililosimama wima katikati ya tangi, kisha yateremke bakulini. Ya pili huletwa na raba ya chini, ile inayoziba tundu la kutolea maji. Hiyo ndiyo flapa, kama choo chako ni cha aina hiyo.

Ili kuzitofautisha, funga koki ndogo iliyo ukutani nyuma ya choo. Chukua penseli, weka alama mahali maji yalipofika ndani ya tangi. Kaa saa moja bila kukigusa. Maji yakibaki kwenye alama, raba ni nzima na shida yako iko kwenye vali ya kuingiza. Yakishuka, yanatorokea chini.

Kama unataka ushahidi wa macho, tumia rangi. Rangi ya keki ni sawa. Mimi sikuwa nayo, nikatumia maji ya biti niliyokuwa nimechemsha kwa chakula cha jioni. Nilimimina kikombe kimoja ndani ya tangi, sikuflashi, nikangoja nusu saa. Niliporudi, bakuli lilikuwa la waridi.

Tangi langu lilikuwa limeshuka. Nilichukua jagi la lita moja, nikajaza hadi nikafikia alama ya penseli. Majagi matatu. Lita tatu kwa saa moja. Piga hesabu nami: lita 72 kwa siku. Hiyo ni mitungi mitatu na nusu na kitu, kila siku, inateremka bila mimi hata kujisaidia. Kwa siku 30 ni lita 2,160, mitungi 108. Kwa bei ya mkokoteni, shilingi 3,240.

Na kuna mtu alikuwa anaomba alipe 500 kwa vipande viwili.

Choo chako ni cha ukoo gani?

Hapa ndipo vijana wengi wanaliwa pesa. Unaingia dukani unasema "nipe raba ya choo", unapewa raba, unafika nyumbani haiingii popote. Vyoo vyetu vya Nairobi ni vya koo tatu, na kila ukoo una raba yake.

Ukoo wa kwanza ni saifoni. Utaujua kwa mkono wa pembeni ambao lazima uupampu. Ndani utaona mtambo wa plastiki kama chupa iliyopinduliwa. Huu tuliurithi kwa Mwingereza. Kwao, sheria zilishikilia saifoni kwa miaka mingi, na vyoo vya kufungua maji kwa vali vikaruhusiwa kuanzia 2001. Sababu yao ilikuwa na akili: kwenye saifoni maji lazima yapandishwe juu ndipo yateremke, kwa hivyo hayawezi kuvujia bakulini kupitia raba mbovu. Raba yake ikichanika, shida inakuwa nyingine. Unapampu mara tano, sita, hadi mkono unauma, na choo hakiflashi. Unachohitaji hapo ni ile karatasi nyembamba ya plastiki iliyo ndani ya saifoni. Ukiuziwa flapa, umeuziwa hewa.

Ukoo wa pili ni wa vitufe. Juu ya kifuniko kuna kitufe kimoja au viwili, kidogo kwa haja ndogo na kikubwa kwa haja kubwa. Kampuni ya Caroma ya Australia ndiyo iliyovileta vile vya vitufe viwili, mwanzoni mwa miaka ya 1980, na sasa vimejaa kwenye nyumba mpya za kukodisha. Ndani kuna mnara wa plastiki. Ukiuzungusha kidogo, nyingi huchomoka. Chini yake kuna pete ya raba au silikoni, bapa, kama mfuniko wa chupa ya jemu uliotobolewa katikati. Hiyo pete ndiyo inayochoka. Mara nyingi huhitaji kununua mnara mzima, pete tu inatosha, ilimradi ilingane na ile ya zamani kwa upana wa nje na wa ndani.

Ukoo wa tatu ni wa flapa, na ndio huo wangu. Umezoeleka zaidi Marekani, lakini umeingia kwetu kwenye vyoo vya kutoka nje. Kuna mkono wa pembeni unaobonyeza mara moja tu. Ndani kuna mnyororo mwembamba, na mwisho wa mnyororo kuna kifuniko cha raba kinachofunguka kama mdomo wa mamba. Ukivuta kinainuka, maji yanaporomoka, kisha kinajilaza tena juu ya tundu. Kisipolala vizuri, maji yanapita.

Kumbe naisafisha tu?

Kabla ya kukimbilia dukani, funga koki, flashi umwage maji, halafu pitisha kidole kwenye mdomo wa tundu, pale raba inapokaa. Maji ya mgao yakirudi baada ya siku kadhaa mara nyingi huja na mchanga na matope. Chembe moja ikikaa pale, raba mpya kabisa itavuja. Na ploti za maji ya kisima zina tatizo la chumvichumvi, ule ukoko mweupe unaoganda kila mahali. Ufute kwa sponji na siki, usikwaruze kwa kisu. Ukiona mdomo wenyewe una ufa, hapo raba haitakusaidia. Hiyo ni kazi ya fundi, na mwenye nyumba anafaa ajue.

Halafu shika raba yenyewe. Ikikuachia masizi meusi vidoleni, imekwisha. Ikiwa ngumu, imejikunja kama chapati ya jana au imevimba, imekwisha. Yangu iliniachia vidole kama vya mtu aliyetoka kuchoma mahindi.

Safari mbili za hadiwea

Nilienda hadiwea ya mtaani mikono mitupu. Kosa. Yule kijana wa dukani akaniuliza, "Sista, ya inchi ngapi?"

"Ya kawaida."

"Hakuna ya kawaida. Kuna ya mbili na ya tatu."

Nikabahatisha ya mbili kwa sababu ilikuwa bei rahisi, shilingi 200. Nilipofika nyumbani, ilizama ndani ya tundu kama kifuniko cha birika kwenye sufuria ya githeri. Kurudi, akakataa kuibadilisha kwa sababu ilikuwa imelowa. Sikuwa na la kusema, ilikuwa imelowa kweli.

Safari ya pili nilijipanga. Haya ndiyo mambo manne ya kuangalia, na ningeyajua mapema ningeokoa mia mbili.

Moja, pima tundu, usipime raba ya zamani, maana raba huvimba na kujikunja. Weka rula juu ya mdomo wa tundu. Likikaribia sentimita 5, lenye ukubwa kama wa chungwa, chukua flapa ya inchi mbili. Likiwa kama sentimita 7 na nusu au 8, ukubwa wa balungi, chukua ya inchi tatu. Ya inchi tatu hupatikana zaidi kwenye vyoo vipya. Hivyo hutumia maji machache, kwa hivyo maji lazima yatoke kwa kishindo, na kishindo kinataka tundu pana. Kwa Wamarekani, sheria ya 1992 iliviwekea vyoo vipya vya nyumbani kikomo cha takriban lita 6 kwa kila flashi kuanzia 1994. Vya zamani vilikuwa vikimeza zaidi ya mara mbili ya hizo.

Mbili, angalia inavyoshikiliwa. Lile bomba lililosimama wima linaweza kuwa na vijiti viwili pembeni, kama masikio. Kama yapo, flapa yako inataka mikono miwili yenye vitundu vya kuvalia masikio hayo. Kama hayapo, unahitaji flapa yenye pete ya kuvishwa bombani. Kuna flapa zinazouzwa zikiwa na vyote viwili. Choo chako kikiwa na masikio, ile pete unaikata na kuitupa. Usipoikata inaweza kuizuia flapa isilale vizuri.

Tatu, ulizia imetengenezwa kwa nini. Za raba ni bei nafuu. Za silikoni ni ghali kidogo lakini huvumilia maji yenye dawa. Na kama una ile tabia ya kutumbukiza vidonge vya klorini ndani ya tangi ili choo kinukie, jua kwamba unaipika raba polepole. Safishia bakulini, tangi liache.

Nne, angalia inafunga upesi kiasi gani. Baadhi ya flapa zina boya dogo kwenye mnyororo au gurudumu la kuzungusha lenye namba. Hivyo huamua itakaa wazi muda gani. Ikifunga mapema mno, choo hakisafishi na utaflashi mara mbili. Ikichelewa, unamwaga maji ya bure. Flapa isiyo na kirekebishi inaweza kuingia vizuri na bado isifae kwa sababu hii.

La muhimu kuliko yote: beba ile ya zamani. Ioshe, iweke kwenye mkebe (mifuko ya plastiki tuliiaga 2017), na upige picha ya ndani ya tangi kabla ya kung'oa chochote. Kama kuna jina la kampuni lililoandikwa ndani ya tangi au chini ya kifuniko, lipige picha pia. Nilipomwonyesha yule kijana mkebe na picha, hakuniuliza inchi tena. Alienda moja kwa moja kwenye rafu, akarudi na ya inchi tatu yenye mikono miwili. Shilingi 350.

Kufunga ni dakika kumi

Funga koki. Flashi, tangi libaki tupu. Chomoa mnyororo kwenye mkono, vua masikio yote mawili, flapa itatoka. Futa mdomo wa tundu hadi ukauke na uwe laini. Vika mpya, iinue na kuishusha mara kadhaa kwa kidole uone kama inalala katikati.

Mnyororo ndio unaowashinda wengi. Ukiwa mfupi sana, unaishikilia flapa ikae nusu wazi na umerudi pale pale. Ukiwa mrefu sana, unaanguka chini ya flapa na kuizuia isifunge. Uache ulegee kama sentimita moja hivi, na kipande kinachobaki ukate. Fungua koki, ngoja tangi lijae, weka rangi tena. Nusu saa. Bakuli langu lilikuwa jeupe.

Jumla: shilingi 550, tukihesabu na ile 200 ya ujinga.

Biti la nyumba kumi na sita

Kesho yake niliteremka hadi namba 9. Nilikuwa nimepanga maneno mengi, lakini mlango ulipofunguliwa nikasema tu, "Mama Mapacha, maji ni mimi. Choo changu kimekuwa kikivuja na nilijua."

Aliniangalia kidogo, mtoto mmoja begani. "Mimi nilijua si mimi," akasema. "Hawa wawili nawaosha na beseni moja."

Akaniambia nikae. Nikamweleza kuhusu biti, penseli na lita 72. Yeye ndiye aliyefanya hesabu ambayo mimi sikuifanya. Lita 72 kwa siku ni kama 200 hivi kwa siku tatu. Tangi ni la 5,000. "Wewe peke yako huwezi kutumaliza," akasema. "Kuna wengine."

Jumamosi tulizunguka na sufuria ya maji ya biti, tukibisha mlango kwa mlango, keateka nyuma yetu na uso wa mtu asiyeamini. Kati ya nyumba 16, tano zilikuwa zikivuja ukiongeza na yangu niliyoitengeneza. Kama zote zilikuwa zikivuja kama yangu, hizo ni lita 360 kwa siku, zaidi ya 1,000 kutoka Jumanne hadi Ijumaa. Zaidi ya moja ya tano ya tangi letu. Namba 9 ilikuwa kavu kabisa. Moja kati ya zile tano ilikuwa ya keateka mwenyewe.

Zile 500 hazikutajwa tena. Kwenye kundi la WhatsApp hakuna aliyeomba msamaha kwa maandishi, lakini keateka alimpelekea Mama Mapacha mtungi uliojaa hadi mlangoni, na kwa ploti yetu hiyo ni hotuba.

Mimi nami nimepata cheo nisichokiomba. Jumapili iliyopita saa moja asubuhi mlango uligongwa. Ni msee wa namba 14, ameshika mkebe, ndani yake kuna kitu cheusi kinachotiririka. "Sista," akaniuliza, "hii ni ya inchi ngapi?"

Nikamwambia arudi akapime tundu.